Mwita Kesi Aliyekosekana Katika Kesi Yake

Kuna kanuni moja ya mahakama ambayo mawakili huifahamu kwa kifungu, na wananchi huifahamu kwa machungu: shauri la madai likiitwa, na mdai asiitike, shauri hufutwa. Sina ugomvi na kanuni yenyewe. Mtu aliyemburuta mwenzake mahakamani, akampotezea siku ya kazi, kisha yeye akabaki nyumbani amejinyoosha kitandani, anastahili kufutiwa. Ugomvi wangu ni na lile neno dogo, “likiitwa”. Liitwe na nani, kutokea wapi, na nani amethibitisha kwamba sauti ilifika kwenye sikio lililokusudiwa? Kwa miaka ishirini na sita hakuna mtu katika jengo lile aliyeuliza swali hilo. Aliyekuja kuliuliza hatimaye hakuwa jaji wala mwanaharakati. Alikuwa mwita kesi mwenyewe, tena aliliuliza baada ya kuifuta kesi yake kwa kinywa chake.

Walimwita Baragumu, na jina hilo lilimkaa kuliko alilopewa na wazazi. Kazi yake ilikuwa nyepesi kueleza. Hakimu akitaja namba ya shauri, Baragumu alitoka na joho lake jeusi lililopauka mabegani, akaita mara ya kwanza mlangoni mwa chumba cha mahakama, mara ya pili juu ya ngazi, na mara ya tatu langoni, barabarani kabisa. Kisha alirudi, akainamisha kichwa, akasema: “Nimeita mara tatu, Mheshimiwa, na hakuna aliyeitika.” Au, kama kuna aliyeitika, alimtanguliza mtu huyo ndani bila kumtazama usoni.

Hilo la kutomtazama alifundishwa na mwita kesi aliyemtangulia, mzee mkavu aliyestaafu akiwa na sauti nzima na meno mawili. Siku ya kwanza kazini alimwambia, “Wewe hapa ni mlango. Mlango hausalimii mtu, hauitikii mtu, na hauna upande.” Baragumu alilishika somo hilo kama mtoto anavyoshika mkono wa mama yake sokoni. Shemeji yake aliwahi kuitwa kwa shauri la kiwanja. Baragumu alimpita ngazini kama nguzo. Mjomba wake aliwahi kumsimamisha kwenye korido kumuuliza hali ya watoto. Alimjibu jioni, nyumbani kwa mjomba.

Sauti yake ilikuwa fahari ya jengo zima. Muuza magazeti wa langoni alikuwa akisema kwamba akiita shauri la kwanza, yeye hurekebisha saa yake. Mkewe alikuwa akilalamika kwamba mume wake huomba chumvi kama mtu anayemtafuta mshtakiwa. Nyumbani, watoto wao waliitwa mezani mara tatu, wala si mara nne, na asiyeitika alikuta sahani yake imesharudishwa jikoni. Walikua wepesi ajabu. Mmoja wao alikuja kuwa bingwa wa mbio wa shule yake, na mama mtu husema hadi leo kwamba kocha alipewa sifa ambayo si yake.

Basi mtu wa namna hiyo aliendaje kuwa mdai?

Ilikuwa ni kwa sababu ya ukuta. Nyumba ya Baragumu ilikuwa nyuma ya karakana ya fundi magodoro, na njia yake ya kufika barabarani ilikuwa kichochoro kilichopita ubavuni mwa karakana hiyo, chenye upana wa mtu mmoja na ndoo mbili. Upande wa pili wa nyumba kulikuwa na ngazi kumi na nane za mawe, na chini yake mtaro wenye ubao wa kuvukia. Watu wenye miguu mizima waliweza kupita huko. Mama yake Baragumu alikuwa kwenye kiti cha magurudumu.

Bibi huyu alikuwa ameishi miaka sabini na tisa bila kumruhusu mtu yeyote amalize sentensi asiyoipenda. Kila asubuhi alisukumwa hadi mdomo wa kichochoro, na hapo aliiendesha barabara. Alijua nani kanunua kitanda kipya na nani anadaiwa barua na mwanawe aliye ng'ambo. Aliwasimamisha wachumba wawili na kuwauliza mambo ambayo wazazi wao hawakuthubutu. Nilimwona mimi mwenyewe akimrudisha mtu wa posta nyumbani kwao akabadilishe soksi.

Kisha fundi magodoro akajenga ukuta kukikata kichochoro. Hakufanya hivyo kwa uovu, na ni haki niseme. Upepo uliopita kichochoroni ulikuwa ukiingia karakanani na kuipeperusha pamba, na baadhi ya siku wateja walikuta mafundi wake watano wanakimbizana na godoro ambalo bado halijawa godoro. Akaweka matofali. Alipoambiwa kwamba mama wa watu amefungiwa ndani, alisema kuna ngazi. Alipoambiwa ngazi zina mawe kumi na nane, alisema hajazihesabu. Wakaacha kusalimiana.

Miezi mitano bibi alikaa uani akitazama tofali. Alikuwa akitupa maswali juu ya ukuta, na watu wa barabarani walikuwa wakitupa majibu, ila majibu yalifika yamechoka, na mwenye kuongopa hakuonekana uso. Hilo la mwisho ndilo lililomkondesha. Siku moja alimwita mwanawe, naye alimwita mara moja tu.

“Mwanangu, unafanya kazi wapi?”

“Mahakamani, mama.”

“Nilidhani kwenye stendi. Maana kila siku unawaita watu waende kutafuta haki, na mimi niko hapa naota ukungu.”

Kesho yake Baragumu akafungua shauri namba mia moja arobaini na tatu.

Kwa kuwa mdai alikuwa mtumishi wa mahakama ile ile, haikufaa asikilizwe na mahakimu wanaomjua. Akaletwa hakimu mgeni, mama mmoja mwenye miwani mikubwa na mwendo wa haraka, aje kwa siku chache kwa ajili ya shauri hilo na mengine thelathini yaliyokuwa yamelala. Hadi hapo mambo yalikuwa ya utaratibu. Baragumu akaenda kwa karani mkuu kuomba ruhusa ya siku moja, na karani mkuu, mtu ambaye tai yake ilikuwa imenyooka kuliko fikra zake, akamuuliza swali ambalo naliandika hapa ili lionekane: kama wewe ni mdai, nani ataita?

Jengo lenye mahakimu saba, makarani kumi na wawili na walinzi wa zamu nne lilikuwa na mwita kesi mmoja. Akiugua mwita kesi, haki iliugua naye. Karani mkuu hakuona aibu kusema hivyo; aliona ni sababu ya kumnyima mtu ruhusa. Baada ya kubishana kwa adabu, walikubaliana: Baragumu ataita mashauri kama kawaida, likifika lake ataliita, ataitikia mwenyewe, atavua joho, atamkabidhi karani wa chumba, na ataingia mahali pa mdai. Karani mkuu aliuita huo mpango. Mimi nauita kumwambia mtu aruke na ajidake.

Nyumbani walifanya mazoezi wiki nzima. Mama alikuwa hakimu, na rungu lake lilikuwa mwiko. Baragumu alitoka uani, akaita, akaitikia “Nipo”, akavua khanga ya mkewe iliyoshika nafasi ya joho, akasogea. Mama alimkosoa kwamba “nipo” yake ina woga. Akarudia. Mara ya tano mama akagonga mwiko kwenye sufuria, akampa ushindi, akamhukumu fundi magodoro kula pamba yake.

Siku ya shauri, mkewe alimvalisha suti ya harusi. Ilikuwa imembana mahali ambapo ndoa imemtendea wema, lakini chini ya joho haikuonekana. Hakimu mgeni aliketi saa tatu kamili, na akaanza kuyapitia mashauri kama mwanamke anayepepeta mchele wakati wageni wako mlangoni. Baragumu alikuwa akitoka na kuingia, akitoka na kuingia, ngazi juu na ngazi chini, jasho likimshuka. Mashauri kumi na moja yalikwenda. Hakimu, bila kuinua macho, akasema, “Mia moja arobaini na tatu.”

Baragumu akatoka.

Akaita mlangoni: “Shauri la madai namba mia moja arobaini na tatu, mdai!” Akasikiliza kidogo, kama alivyozoea. Akapanda juu ya ngazi, akaita. Akashuka hadi langoni, akaita mara ya tatu kwa sauti iliyomfanya dereva wa lori asimame. Tena, kwa kuwa alikuwa mtu wa haki, alitazama barabara upande wa kulia na upande wa kushoto, asije mdai akawa anakuja mbio. Hakuona mtu. Akarudi ndani, akainamisha kichwa.

“Nimeita mara tatu, Mheshimiwa, na hakuna aliyeitika.”

Msomaji asidhani alikuwa amesahau kwamba ana kesi. Kesi alikuwa nayo kifuani tangu alfajiri. Lakini kichwa chake kilikuwa cha mdai, na miguu, shingo na kinywa vilikuwa vya mlango, na mlango haukuwahi kuitikia hata mara moja kwa miaka ishirini na sita.

Wakili wa fundi magodoro alisimama haraka kuliko inavyopasa mtu mwenye tumbo lile, akaomba shauri lifutwe kwa kuwa mdai hakuhudhuria. Fundi magodoro, mdaiwa, alikuwa ameketi nyuma yake, na mdomo ulikuwa umeachama. Akamvuta wakili koti.

“Wakili, lakini mdai si huyo hapo mwenye joho?”

“Nyamaza,” wakili akanong'ona. “Tunashinda.”

Hakimu akaandika mstari mmoja, akasoma alichoandika: shauri limefutwa kwa sababu ya mdai kutohudhuria. “Linalofuata,” akasema.

Na Baragumu, Mungu amhifadhi, akatoka kuita linalofuata. Akaita na la baada ya hilo. Ilikuwa ni kwenye shauri la tatu, akiwa langoni na mikono imezunguka mdomo, ambapo upepo uliinua joho lake na akaiona suruali yake. Aliitazama kwa muda. Akajiuliza kwa nini mtu avae suti ya harusi siku ya Jumanne.

Muuza magazeti anasema kwamba katika maisha yake ameona watu wakikimbia kutoka mahakamani, na siku ile ndiyo ya kwanza kumwona mtu akikimbia kuingia.

“Mheshimiwa,” Baragumu alisema akihema, “nipo.”

“Naona upo,” hakimu akasema. “Huyo wa shauri hili ameitika?”

“Nipo kama mdai, Mheshimiwa.”

“Mdai wa lipi?”

“Lile ulilolifuta.”

Hakimu akavua miwani, akaifuta, akaivaa, akamtazama mwita kesi kuanzia kichwani hadi kwenye viatu vya harusi. Akauliza ni nani aliyemwarifu kwamba mdai hayupo. Baragumu, ambaye hakuwahi kusema uongo mbele ya meza ile, akajibu kwamba ni yeye. Akauliza kama aliita kwa kweli. Akajibu kwamba aliita, tena kwa nguvu. Akauliza, basi kwa nini hakuitika. Hapo ndipo karani wa chumba alipoinama chini ya meza akitafuta kalamu ambayo ilikuwa sikioni mwake, na meza ikaanza kutikisika.

Sheria, hata hivyo, haina mahali pa kucheka. Amri ilikuwa imeandikwa. Hakimu alimweleza, kwa sauti aliyoishikilia kwa mikono miwili, kwamba akitaka shauri lirudishwe, alete maombi pamoja na hati ya kiapo, aonyeshe sababu ya kutosha iliyomfanya asiwepo.

Alipofika nyumbani, mama yake alikuwa uani akingoja. Alimuuliza imekuwaje. Alipoelezwa kwamba shauri limefutwa kwa kuwa mdai hakuwepo, alitaka kujua mpumbavu gani alisema hivyo.

“Ni mimi, mama.”

Bibi alicheka hadi kiti kikaanza kurudi nyuma chenyewe, kikaenda kikagota kwenye ukuta wa fundi magodoro. Mkwewe alicheka akiwa ameshikilia mlango. Baragumu mwenyewe, baada ya kusimama kidogo kama mtu aliyevaa suti ya mwenzake, alianza kucheka, naye akicheka hucheka kwa sauti ya kazini, hivyo mtaa mzima ukapata habari. Lakini bibi alipopangusa macho alimwita karibu, akasema jambo ambalo halikuwa na kicheko ndani yake. Alisema miezi mitano kwa mtu wa umri wake si miezi mitano ya watu wengine. “Nimecheka vya kutosha, mwanangu. Sasa nitoe humu.”

Hati ya kiapo iliandikwa na mpiga chapa, mwanamke aliyekaa nje ya uzio wa mahakama chini ya mwavuli, na mashine yake ilikosa herufi moja ambayo alikuwa akiijaza kwa kalamu. Alikuwa ameandika viapo vya watu waliopotelewa na hati, na vya watu walioibiwa mbuzi, na cha mtu mmoja aliyedai kuwa yeye si yeye. Hiki kilimsimamisha.

“Niandike ulikuwa wapi shauri lilipoitwa?”

“Langoni.”

“Ukifanya nini?”

“Nikimwita mdai.”

Aliinua vidole kutoka kwenye mashine, akanywa maji, akavirudisha. Aya ya nne ya kiapo hicho, niliyoisoma kwa macho yangu, ilisema: “Kwamba nilijiita mara tatu kwa sauti ya kawaida ya kazi, kwamba sikuitika, na kwamba kutoitika huko hakukuwa kwa dharau.” Mpiga chapa hakumtoza kitu. Alisema amelipwa.

Wakati huohuo maisha ya fundi magodoro yalikuwa yameharibika. Alikuwa ameshinda, na ushindi huo ulimfuata kama harufu ya samaki mfukoni. Wateja waliingia karakanani, wakabonyeza godoro, wakauliza kama hili lipo kweli au wakaliite langoni kwanza. Watoto wa shule wakipita walikuwa wakiita namba mia moja arobaini na tatu mara tatu, kisha wakitangaza kwa pamoja kwamba hakuna aliyeitika. Mafundi wake wenyewe, akiwatuma kitu, walikuwa wakijibu kwamba hawapo. Alikuwa mtu mwenye heshima zake, aliyejenga karakana kwa mikono yake, na sasa alionekana kama mtu aliyempiga mwenzake ngumi akiwa usingizini.

Siku ya kusikilizwa maombi, karani mkuu alilazimika kukubali kile alichokuwa akikikataa: Baragumu hawezi kujiita. Akamteua karani wa masjala kuita siku hiyo. Huyu alikuwa kijana mpole mwenye sauti ya mtu anayeomba radhi kwa kuamsha mgonjwa. Naye Baragumu, kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini na sita, aliketi kwenye benchi la wananchi, mwisho wa korido, pamoja na mama yake, ambaye alikuwa amebebwa na wanaume wanne kwenye zile ngazi kumi na nane huku akiwaamuru kama wapakuzi wa kabati. Mmoja wao aliambiwa kwamba ana mikono mizuri ila hana akili ya kona.

Hapo kwenye benchi Baragumu aligundua jambo. Hakusikia kitu. Ukutani kando ya benchi kulikuwa na mashine ya kunakili nyaraka iliyokuwa ikinguruma kama tumbo. Chumba cha pili watu walikuwa wakigonga mihuri. Watoto wachanga wawili walikuwa wakilia kwa zamu, na mlango wa bati wa stoo ulikuwa ukipigwa na upepo. Mlango wa chumba cha mahakama ulikuwa mbali, mwanzo wa korido, baada ya kona. Alikuwa ameita kutoka pale mara elfu nyingi, akaenda juu ya ngazi, akaenda langoni, na njia yake yote haikuwahi kupita kwenye benchi ambako watu walikuwa wameambiwa wakae wangoje. Sauti yake ilimsimamisha dereva wa lori barabarani. Hapa, mahali pa wadai, ingefika kama mvua ya mtaa wa jirani.

Alimgeukia mwanamke aliyeketi kando yake na bahasha mapajani, akamuuliza anangoja shauri namba ngapi. Mwanamke akamtajia. Baragumu aliifahamu namba hiyo. Lilikuwa limeshaitwa asubuhi, yeye akiwa bado langoni na mama yake, na alimwona karani wa masjala akirudi peke yake. Hakuweza kumwambia. Alikaa akiitazama ile bahasha, na suti ikambana zaidi.

Akiwa hivyo, hakumwona karani wa masjala akichungulia konani, akafungua na kufunga mdomo, akatoweka. Hakumwona akipanda ngazi. Aliyemwona ni fundi magodoro, aliyekuwa amesimama karibu na mlango na wakili wake. Wakili alikuwa ameshaanza kutabasamu. Fundi magodoro akalitazama tabasamu lile, akaitazama korido, na akaondoka kwa hatua kubwa hadi kwenye benchi. Yalikuwa maneno ya kwanza kumwambia jirani yake kwa nusu mwaka.

“Simama, bwana, unaitwa. Nikishinda tena bure nitahama mji huu.”

Akaongeza, kwa adabu, “Shikamoo, mama.”

“Marahaba,” bibi akasema. “Nisukume wewe, huyu ana mawazo.”

Hivyo waliingia mbele ya hakimu: mdaiwa akimsukuma mama wa mdai, mdai akifuata nyuma, na wakili wa mdaiwa mwisho kabisa, kama mtu aliyekosa basi.

Hakimu mgeni alikuwa ameisoma hati ya kiapo, na ilionekana ameisoma zaidi ya mara moja. Wakili alipinga maombi. Alisema, kwa Kiswahili kilichopigwa pasi, kwamba sheria inajua mdai aliyepo na mdai asiyekuwepo, na haimjui mdai aliyepo asiyekuwepo. Fundi magodoro alimwomba akae. Wakili alisema hawezi kukaa wakati anamtetea. Fundi magodoro akamwambia basi amtetee akiwa amekaa.

Ndipo Baragumu aliposimama. Hakusoma kiapo chake. Alisema kwa sauti ndogo ambayo hakuna aliyejua kuwa anayo: “Mheshimiwa, nimetoka kwenye benchi. Pale hakusikiki. Kuna mama mmoja bado ameketi pale na bahasha yake, shauri lake umelifuta saa nne.”

Hakimu alimtuma karani wa chumba. Mwanamke akaletwa, na bahasha yake, na namba yake. Hakimu alimuuliza alifika saa ngapi. Alisema saa mbili kasorobo, aliambiwa akae kwenye benchi, naye alikaa.

Hapo hakuna aliyetafuta kalamu. Hakimu alimuuliza Baragumu, kwa upole, ni wangapi aliowahi kuripoti kwamba hawakuitika. Alijibu kwamba hakuhesabu. Hakimu hakumuuliza zaidi, na mimi namheshimu kwa hilo, kwa maana swali halikuwa la mwita kesi. Ni la waliochora korido ile, na la waliompa mtu mmoja sauti na njia bila kumpa masikio, kisha wakaandika katika taarifa za kila mwaka kwamba mashauri mengi yanamalizika haraka. Walikuwa wanayamaliza kwa mashine ya kunakili.

Aliyarudisha mashauri yote mawili. Kisha, kwa kuwa wahusika wa mia moja arobaini na tatu walikuwa wameingia wamesukumana kirafiki, akauliza kama lazima lisikilizwe lote. Fundi magodoro alisema anachotaka ni upepo usile pamba yake. Bibi alisema anachotaka ni barabara. Fundi akatoa futi ya kupimia mfukoni, maana hatembei bila hiyo, akapiga goti mbele ya mahakama na kukipima kiti.

“Sentimita sitini na nane. Nitaweka mlango wa mbao kwenye ukuta. Ukifungwa, upepo haupiti. Ukifunguliwa, mama anapita.”

“Weka themanini,” bibi akasema. “Nikianza kutoka tena nitanenepa.”

Iliandikwa themanini, ikawa amri ya mahakama.

Jumatatu iliyofuata Baragumu alirudi kwenye joho lake. Likitajwa shauri, aliita mlangoni, akapita kwenye benchi akiinama kwa kila mtu na kumuuliza namba yake usoni, ndipo akaenda kwingine. Karani mkuu alimsimamisha kwenye korido, akamkumbusha kwamba anapoteza dakika na kwamba yeye ameajiriwa kuita, hakuajiriwa kutafuta. Baragumu akamwambia amwandikie barua, aandike ndani yake kwamba ni marufuku kumtafuta mdai ndani ya mahakama, atie sahihi na muhuri, naye ataiacha kazi hiyo mara moja. Barua haijaandikwa hadi leo. Jengo lile bado lina mwita kesi mmoja tu, na hilo nitaendelea kulisema hadi wanichoke.

Mlango wa kichochoroni ulitiwa bawaba zake Jumamosi asubuhi. Fundi magodoro aliupaka rangi ya kijani bila kuombwa. Mafundi wake waliacha kazi, wakajipanga kandokando ya kichochoro, pamba nywelani, na bibi akapita katikati yao akisukumwa na mwanawe, kiti kikiacha nafasi ya kiganja kila upande. Kule mdomoni watu walikuwa wamemsogezea mahali pake pa zamani, chini ya kivuli cha duka, na mmoja alikuwa amefagia.

Baragumu akapunguza mwendo.

“Nani amekwambia usimame?” mama yake akauliza.

“Si hapa, mama? Mahali pako ni hapa.”

“Hapa napajua. Nusu mwaka nimekaa, unataka nitoke nikakae tena? Twende.”

Akamuuliza wapi. Akaambiwa ataarifiwa wakifika. Wakapita duka, wakapita kituo cha mafuta, wakakunja kona ambayo bibi hakuwa ameiona tangu anunuliwe kiti, na kwenye mteremko wa shule alimwagiza aachie kidogo. Akaachia kidogo. Bibi akasema zaidi. Muuza magazeti, aliyekuwa akivuka barabara na mzigo wake, alilazimika kurukia ukingoni, na aliwaona wakiteremka wote wawili, mwana akikimbia nyuma ya kiti na mama akinyoosha mkono mbele kuwaonya watu wapishe njia.